Neno Lisilo na Irabu

Asumini ya mama yangu niliiua mwenyewe, kwa maji. Haikufa kwa ukame, wala haikuliwa na wadudu, wala sikuwa mbali nayo. Kwa muda wa mwezi mzima na ushei baada ya mazishi niliimwagilia asubuhi na jioni, jerikeni zima la lita 20 kila siku, kwa sababu kumwagilia ndiyo kazi pekee ambayo mikono yangu ilikubali kuifanya. Majani yalipoanza kuwa ya manjano niliongeza maji. Yalipoanza kupukutika nikaongeza tena. Siku nilipolishika shina lake, lilitoka ardhini bila ubishi, kama kijiko kinavyotoka kwenye uji, na mizizi niliyoiona ilikuwa myeusi, laini, yenye harufu ya kinamasi. Mmea ule ulikuwa umeishi nyuma ya nyumba yetu ya Walukuba, hapa Jinja, Uganda, kwa zaidi ya miaka 40.

Ninalitaja kosa hilo mwanzo kwa kuwa shairi la kwanza nililomtungia mama lilikufa kwa ugonjwa uleule.

Ilikuwa Juni 2021, siku chache baada ya serikali kutangaza zuio la siku 42 kwa ajili ya korona, na safari za kutoka wilaya moja hadi nyingine zilikuwa zimepigwa marufuku. Ndugu zake wa Mombasa hawakuweza kuja, kwa hiyo sehemu kubwa ya msiba ilipita kwenye simu. Mjomba, mdogo wake wa mwisho, ambaye ni mwalimu wa madrasa na mtu anayejua kutunga, aliniomba nimtumie shairi ili lisomwe katika hitima waliyokuwa wakiiandaa huko kwao. Nilikesha usiku mmoja nikatunga beti 12. Wa kwanza ulianza hivi:

Machozi yatiririka, moyo umejaa giza,
Mama yangu kaondoka, pengo nani atajaza?

Mjomba alikaa kimya siku mbili. Siku ya tatu ukaja ujumbe wa sauti, na kabla hajasema neno nilimsikia akijikohoza, nikajua kwamba hajapenda. "Mwanangu," alisema, "mizani zi sawa, na vina vi sawa. Dadangu yuwapi?"

Nilikasirika, na sioni haya kulisema. Nilikuwa mfiwa, tena mimi ni mwalimu wa Kiswahili katika nchi ambayo mwalimu wa Kiswahili hana budi kujieleza kila anapojitambulisha, na hapa ndugu yangu wa damu ananisahihishia maombolezo kana kwamba ni daftari la mwanafunzi. Hasira iliposhuka nililisoma upya shairi langu. Katika beti zote 12 mama alikuwa nguzo, taa, lulu, kivuli na chemchemi, lakini hapakuwa na kitu kimoja ambacho mtu wa Tanga au wa Kisumu asingeweza kukisema juu ya mama yake mwenyewe. Asumini haikuwamo. Kuku wa jirani aliokuwa akiwagombeza kwa Kimvita, lahaja ya kwao Mombasa, nao hawakuwamo. Lile vazi lake la bustani, kanga iliyopauka mpaka jina lake likawa halisomeki, halikuwamo. Nilikuwa nimemwaga maji mengi mahali ambapo mizizi ilitaka hewa.

Kwa asiyezoea mashairi ya arudhi niseme kidogo. Shairi la kawaida lina mishororo minne katika kila ubeti, na kila mshororo una mizani 16, nane upande huu na nane upande ule, huku kila upande ukiwa na kina chake, yaani silabi ya mwisho inayorudiwa. Mizani ni silabi inayosikika: "mti" una mizani mbili, kwa sababu ile "m" inasimama peke yake, na "mvua" ina tatu. Wanafunzi wangu hapa Uganda hulalamika kwamba huo ni uhasibu, si ushairi, na nilipokuwa kijana nilikuwa na maoni hayohayo. Mama hakuwa na subira na malalamiko ya namna hiyo. Yeye alihesabu mizani kwa pingili za vidole, kidole gumba kikitembea juu ya vingine kama mtu anayevuta tasbihi, na kwa mkono uleule aliotumia baada ya sala. Hivyo ilikuwa vigumu, ukimtazama kwa mbali akiwa amekaa kwenye kigoda chake karibu na mrehani, kujua kama anamtaja Mola wake au anatafuta neno la mizani tatu.

Alizaliwa Mombasa na mama yake alikuwa mtu wa Lamu. Baba alikuwa Mgisu wa Mbale, karani wa reli katika siku ambazo shirika la reli lilikuwa moja kwa nchi zote tatu za Afrika Mashariki. Mama aliletwa Uganda kwa gari moshi, akiwa bibi arusi, na mapajani alikuwa na kopo la maziwa ya unga lenye kijiti cha asumini kilichofungwa kitambaa kibichi. Jumuiya ilipovunjika mwaka 1977 na reli ikagawanywa, baba alibaki huku, na mama akabaki naye. Kiswahili kilikuwa lugha ya nyumba kwa sababu rahisi kabisa: Kimvita cha mama na Kigisu cha baba vilikuwa havina mahali pengine pa kukutana.

Baba alifariki mwaka 1998, na mama akakaa eda, miezi minne na siku kumi. Asiyewahi kuishi na mwanamke aliyemo katika eda hatajua jinsi nyumba inavyobadilika. Mjane hutulia nyumbani kwake, hajipambi, hajitii manukato. Mama aliruhusiwa kutoka uani, na bustani ilikuwa uani, kwa hiyo alipalilia, alikata ncha za mrehani ili usikimbilie kutoa maua na kuacha majani, aliipogoa asumini. Lakini asumini ni ua la jioni. Tumba zake huchumwa alasiri zikiwa bado zimefumba, huwekwa kwenye kitambaa chenye maji, na hufumbuka zenyewe baada ya magharibi, zikiwa tayari kwenye nywele za mtu au juu ya mto wa kulalia. Kesho yake mchana zimekwisha kugeuka rangi. Mwanamke aliyezoea kulala na harufu ile kwa miaka 30 aliambiwa na dini yake aiache kwa muda, naye aliiacha bila kunung'unika. Kila alasiri alinituma mimi nizichume, nizipeleke kwa jirani yetu, mama mmoja Msoga ambaye mwanzoni hakujua azifanyie nini, akaziweka kwenye kikombe cha chai juu ya redio.

Katika siku hizo za eda ndipo alipoanza lile kaunta buku lenye jalada jeusi na mgongo mwekundu, ambalo nililikuta baada ya kifo chake chini ya miswala yake. Ndani mna beti 61, zote kwa khati za Kiarabu, kama alivyofundishwa chuoni, yaani madrasa, alipokuwa mtoto.

Mimi khati ile ninaisoma kwa shida. Kuna matatizo ambayo kila aliyewahi kuisoma anayafahamu, maana Kiarabu kina irabu tatu na Kiswahili kina tano, hivyo "e" na "i" hugawana alama moja, na "o" na "u" nyingine. Mama, kwa kuwa alijiandikia mwenyewe, mara nyingi hakuweka alama yoyote. Nilikaa na lile daftari usiku baada ya usiku, kidole kwenye mstari, nikisema kwa sauti kila linalowezekana mpaka neno moja lifunguke. Mizani zilinisaidia: neno lililozidi silabi moja lilikuwa limejifukuza lenyewe. Vina pia vilinisaidia. Ndipo nilipoacha kuviita uhasibu. Kilichokuwa kimenichosha nilipokuwa kijana kilikuwa sasa ndicho kinachonishika mkono na kunirudishia maneno ya mama, moja moja, kama mtu anayekuonyesha njia gizani kwa kukugonga bega.

Ubeti wa 40 nilipousoma nilikwama, na mpaka leo sijakwamuka. Unasema hivi:

Asumini ukilinda, jioni utaikuta,
Mrehani ukiponda, harufu utaipata,
Ulimwengu ni kiwanda, sote sisi twakipita,
Na wewe mwanangu p-nda, mvua isijekata.

Hapo kwenye "kiwanda" nilianza kwa kukosea. Mtoto wa Jinja akisikia kiwanda huona bomba la moshi na watu wa zamu wakitoka getini, na nilikwisha kuandika pembeni maelezo marefu juu ya ulimwengu unaotufinyanga kama mashine. Mjomba alicheka mpaka akakohoa. Katika nyumba za Lamu, aliniambia, kiwanda ni ua wa ndani, ule uwazi ambao mtu huupita akitoka chumba kimoja kwenda kingine. Bibi yako alikuwa na kiwanda. Hakuwa na bomba la moshi.

Lakini tatizo lenyewe liko katika mshororo wa mwisho. Mama aliandika pe, nun, dali na alifu ya mwisho, basi. Juu ya pe hakuna alama. Inaweza kuwa "panda", inaweza kuwa "penda". Mizani ni mbili kwa vyovyote, na kina ni "nda" kwa vyovyote, kwa hiyo wale wasaidizi wangu wawili waliniacha mlangoni. (Inaweza pia kuwa "punda", alisema mjomba, na kwa jinsi nilivyokuwa mtoto asingeshangaa.)

Mjomba yuko upande wa "panda", na hoja yake ni nzito. Imepokewa kwa Anas bin Malik kwamba Mtume alisema: Kiyama kikisimama na mmoja wenu ana mche mkononi, akiweza kuupanda kabla hakijasimama, na aupande. Mama aliipenda sana hadithi hiyo na aliitaja kila mtu alipomwambia amezeeka mno kwa kazi ya jembe. Zaidi ya hayo, mvua imo ndani ya mshororo uleule. Nani humwambia mtu apende kabla ya mvua kukatika? Nami hujibu kwamba alikuwa mjane wa miezi miwili alipoandika, na mjane wa miezi miwili anaweza kuiita mvua chochote.

Sitamaliza ubishi huu hapa. Ila kuna mtu wa tatu aliyeuingia bila kualikwa, naye alinifundisha zaidi ya sisi wawili.

Siku ya arobaini, zuio lilipokuwa karibu kwisha, tulisoma hitima ndogo uani, watu wachache tuliokuwa jirani. Baada ya dua niliwasomea ubeti ule, na kwa ajili ya wepesi nilisoma "panda". Jirani yetu Msoga, yule wa kikombe cha chai, ambaye si Mwislamu lakini hakukosa siku hata moja ya msiba wetu, alishtuka. Nilimwona mikono yake ikiacha kitambaa alichokuwa akikunja. Watu walipoondoka alibaki, akaniuliza kwa Kiganda, kwa sauti ya chini, kwa nini mama yangu aliandika maneno ya askari.

Sikumwelewa upesi. Kisha nikaelewa, nikaona aibu kwamba ilinichukua muda. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 jirani huyu alikuwa akiishi Kampala, na katika Kampala ya miaka ile "panda gari" lilikuwa jina la msako. Askari waliuzunguka mtaa, wakawatoa watu majumbani, wakawaamuru wapande malori, na wengi waliopanda hawakurudi. Kaka yake alikuwa mmoja wao. Yeye mwenyewe hakuwa amejifunza Kiswahili popote. Alikuwa na maneno machache tu yaliyomwingia kwa nguvu, "simama", "toa", "lala chini", na "panda" likiwa juu ya yote. Alikaa ng'ambo ya ua wetu miaka mingi akimsikia mama akiongea na mimea yake, na kwa kuwa mama alizungumza polepole na kwa Kimvita, haikumpitikia kwamba ile ni lugha moja na ile ya malori.

Mtu akinionyesha Katiba yetu, iliyofanyiwa marekebisho mwaka 2005 ili Kiswahili kiwe lugha rasmi ya pili, au uamuzi wa baraza la mawaziri wa Julai 2022 wa kukifanya cha lazima shuleni, mimi hufurahi, ni riziki yangu. Lakini hakuna sheria itakayomwondolea yule mama neno lile. Nilimwambia kwamba "panda" hii ni ile ya kutia mche ardhini. "Okusimba?" aliuliza. Ndiyo, okusimba. Alikaa kimya, akalijaribu mdomoni, panda, mara mbili tatu, akilipeleka mbali na kulirudisha, kama mtu anayevaa kiatu cha marehemu kuona kama kinamtosha. Hakusema kwamba limemtosha. Alisema kwamba atafikiri.

Tangu siku hiyo sisomi tena shairi la msiba kwa masikio ya zamani. Nimekuja kuamini kwamba kosa kubwa la mashairi yetu ya maombolezo, likiwemo langu la beti 12, ni kudhani kwamba neno kubwa hubeba huzuni kubwa. Giza, pengo, pigo, machozi: haya ni maneno ambayo kila mtu anayo, na kwa hiyo hayambebi mtu yeyote. Washairi wetu wa kale walilijua jambo hili kuliko sisi. Al-Inkishafi ya Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir, iliyotungwa karne mbili hivi zilizopita, inaulilia mji wa Pate uliokwisha, na mama alikuwa akighani vipande vyake huku akichambua mchele. Kinachokaa kichwani humo ni vile vidaka vya kutani vilivyokuwa vikipangwa vyombo vya thamani na ambavyo sasa ndege wanalala ndani yake. Kidaka ni kishimo ukutani, ukubwa wa kitabu. Mji mzima umeingia humo.

Mji wetu nao una cha kuliliwa. Jina la Jinja ni mawe, na mawe yenyewe yalikuwa yale ya maporomoko ambapo mto unaoitwa Kiyira na Wasoga, na Nile na dunia nzima, ulikuwa ukitoka ziwani. Mwingereza Speke alifika pale mwaka 1862 akayapa jina la bwana mmoja wa kwao, Ripon. Bwawa la Owen Falls, linaloitwa sasa Nalubaale, lilipofunguliwa mwaka 1954, maporomoko yale yalizama. Basi tunaishi katika mji uliobaki na jina la mawe ambayo hakuna mtoto aliyewahi kuyaona. Maporomoko ya Bujagali, kilomita chache kuteremka mto, niliyaona mimi mwenyewe. Sikukuu za Idi baba alitupeleka kule, tukala pilau kwenye nyasi, na vijana waliuza ujasiri wao kwa watalii kwa kujitosa katika maji yale wakiwa wamekumbatia jerikeni tupu. Yalikuwa pia makao ya mzimu wa Budhagaali, na kabla ya bwawa la hapo kujengwa zilifanyika ibada za kumwomba ahame. Wapo Wasoga waliosema kwamba hakukubali. Bwawa lilianza kazi rasmi mwaka 2012, megawati 250, na pale palipokuwa na ngurumo sasa pana maji mapana, yaliyotulia.

Mama alikwenda kupaona mara moja tu baada ya hapo. Yeye hakuamini mizimu, na alikuwa mkali katika hilo, lakini alisimama ukingoni muda mrefu. Aliporudi garini alisema, "Yale maji yalikuwa na vina." Nilimwuliza kama ana maana vina vya shairi au kina cha maji, akaniambia nisimchoshe.

Nililazimika kuanza upya na kitu kidogo. Kwenye kona ya bustani kuna mgomba ambao mama aliuacha ukiwa ndio kwanza umetoa ua, lile tumba jekundu la zambarau linaloning'inia. Mwezi wa Agosti nilikuwa ninakwenda kukaa hapo asubuhi kabla ya masomo ya mtandaoni, kwa kuwa shule zilikuwa zimefungwa, na karibu kila siku alikuja ndege mmoja mweusi mwenye kifua chekundu kama kaa la moto, akajining'iniza kichwa chini kwenye ua, akanyonya utamu wake, akaondoka. Ndege huyo, na jamaa zake wote wadogo wenye mdomo uliopinda, kwa Kiswahili huitwa chozi. Nilikuwa nikilijua jina hilo tangu utotoni na sikuwahi kulitafakari. Nilikuwa nimeyatumia machozi kupita kiasi katika beti 12, na kumbe lilikuwapo moja bustanini, lina mbawa, na linakuja kwa miadi. Nikatunga hivi:

Chozi kaja kwa haraka, kwenye ua la mgomba,
Si lile latiririka, hili mbawa limepamba,
Mama alipotutoka, lilikuwa bado tumba,
Leo ndizi zimefika, vichane sita vyavimba.

Sijidai kwamba ni shairi kubwa. Mshororo wa pili umejikunja kidogo ili uingie kwenye mizani, na mtunzi makini atauona mkunjo huo. Lakini vichane vilikuwa sita kweli; nilivihesabu. Mjomba alijibu siku ileile. "Hapa nauona mgomba," alisema. "Endelea."

Katika kuendelea nimejifunza pia kuacha kuiogopa imani kama mlinzi anayenizuia kulia. Nilikuwa nimelelewa na watu waliosema "usilie, ni kazi ya Mungu", na kweli ni kazi ya Mungu, lakini Mtume mwenyewe alimlilia mwanawe Ibrahim, akasema kwamba jicho linatoa machozi na moyo unahuzunika, wala hatusemi ila linalomridhisha Mola wetu. Maneno yake ni mafupi mno. Kuna jicho, kuna moyo, kuna mpaka wa ulimi. Nikiyapima naona kwamba hayo ndiyo matatu ambayo mtunzi wa maombolezo anatakiwa ayapange, na mpaka wa ulimi ndio mgumu zaidi.

Kaburi la mama halina maua. Jirani alitaka kupanda luwaanyi kwenye pembe yake, ule mmea wa majani marefu ambao watu wa huku huupanda kwenye mipaka ya viwanja na makaburini, kwa kuwa haufi upesi na kila mtu anajua maana yake. Baadhi ya ndugu zangu walisita, wakihofia kuiga mila. Tuliulizana, tukakumbushana habari ya Mtume kuupasua ukuti mbichi wa mtende na kuuchomeka juu ya makaburi mawili, mmoja wetu akasema hilo lilikuwa lake peke yake, mwingine akasema alama ni alama, iwe jiwe au mmea, na mwishowe tukamruhusu apande mmoja tu, upande wa miguu. Umeshika vizuri. Mimi huupita nikasoma Fatiha, nikang'oa magugu mawili matatu, nikarudi nyumbani.

Kuhusu asumini, nilikuwa nimekwisha kukata tamaa. Kisha, mvua za Septemba zilipoanza, jirani alikuja na panga mkono mmoja na mkono mwingine fungu la vijiti vilivyofungwa kwa mgomba mkavu. Nilimwuliza ametoa wapi. Akashangaa swali. Mwaka ule wa eda, baada ya wiki kadhaa za kupokea maua kwenye kikombe, alimwomba mama mmea wenyewe, na mama alimpa kijiti kupitia tundu la ua. Umekuwa ukitambaa kwenye ukuta wake wa nyuma tangu hapo, upande ambao sisi hatuuoni. Yeye huuita kimuli kya maama. Harufu iliyokuwa ikiniamsha usiku wa manane nyakati fulani mwezi wa Agosti, ambayo niliidhania ni akili yangu inayonicheza, ilikuwa ikitoka kwake.

Alinielekeza nikate kila kijiti chini ya kifundo, niondoe majani ya chini, nisitie maji mengi. Hilo la maji alilisema mara mbili, bila kunitazama. Tulipokuwa tukishindilia udongo kwenye makopo ya Blue Band, alisema kwa Kiswahili, polepole, akinyooshea kidole kopo la kwanza, "Panda." Nikapanda. La pili, "Panda." Alikuwa akiniamuru, na sauti yake ilikuwa na mzaha kidogo na kitu kingine ambacho sikukiuliza.

Wanafunzi wangu wa kidato cha tatu wanaomba niwape ubeti wa 40 kwa hati ya kawaida, kwa ajili ya gazeti la ukutani. Mwanafunzi mmoja amenishauri niweke alama ya mkwaju (/), "panda" huku na "penda" kule, msomaji achague. Nimekataa; mama hakuandika mkwaju. Nimeunakili kwa khati yake, kwa mkono wangu unaotetemeka kwenye herufi za pe, bila alama juu, na chini nimeandika mishororo mitatu ya kwanza tu kwa hati ya kawaida.

Makopo yako sita, kwenye kibaraza, mahali ambapo jua la asubuhi hufika na la mchana halifiki. Vijiti viwili vimekauka. La nne kutoka kushoto lina jani.